Dakika Tatu za Nyamagana

(Mazungumzo na wahitimu wa kisomo)



Leo tuzungumze habari za mpira. Najua wengine mtasema: sisi tumekuja kusikia habari za elimu, mpira wa nini tena? Subirini kidogo. Mpira huu una somo ndani yake, na somo lenyewe lilitolewa hapa hapa kwetu Mwanza.

Mwaka 1974 timu za Yanga na Simba zilikutana katika fainali ya ubingwa wa Tanzania. Zote mbili ni timu za Dar es Salaam. Lakini fainali haikuchezwa huko. Ililetwa huku ziwani, katika uwanja wa Nyamagana, mjini Mwanza. Ilikuwa tarehe 10 Agosti, 1974.

Simba ya mwaka ule haikuwa timu ya kuchezea. Mwaka huo huo iliifunga Hearts of Oak ya Ghana mabao 2 kwa 1, tena kule kule kwao Accra. Ilifika nusu fainali ya klabu bingwa ya Afrika, ikatolewa na Mehalla ya Misri kwa penalti tu.

Basi mpira wa Nyamagana ukaanza. Dakika ya 16 Adam Sabu akaifungia Simba bao. Yanga wakatafuta bao la kurudisha. Wapi! Kipindi cha kwanza kikaisha, cha pili kikaanza, Simba bado wanaongoza. Dakika ya 87 Gibson Sembuli wa Yanga akasawazisha. Ikawa 1 kwa 1. Dakika 90 zikaisha, zikaongezwa nyingine. Dakika ya 97 Sunday Manara akafunga. Yanga 2, Simba 1. Kombe likaenda Yanga.

Haya, tuhesabu. Chukueni kalamu.

87 toa 16, jibu ni 71. Simba waliongoza kwa dakika 71.

90 toa 87, jibu ni 3. Walibakiza dakika 3 tu wawe mabingwa.

Mvuvi wa Ukerewe anajua jambo hili. Mtumbwi haujafika mpaka uvutwe mchangani. Ukiona nyumba za ufukweni ukatupa kasia, wimbi litakurudisha.

Sasa tujitazame sisi wenyewe. Mwaka 1968 mikoa hii ya ziwa ilianza mradi wa kisomo chenye manufaa, ukisaidiwa na UNESCO. Mwaka 1970 ukatangazwa kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima. Na Agosti 1975, mwaka mmoja baada ya fainali ile, watu wazima nchi nzima walifanya mtihani wa taifa wa kisomo. Wengi walifaulu. Wazee wetu walijua kuandika majina yao kwa mara ya kwanza.

Lakini tukitembea vijijini tunaona jambo la kusikitisha. Mtu alihitimu vizuri, alipata cheti, akakiweka sandukuni. Baada ya hapo hakushika tena kitabu wala gazeti. Miaka ikapita. Siku anauza pamba yake anapewa risiti, anaigeuza huku na huku, haisomi. Akiambiwa kilo ni 60 anakubali, hata kama mizani ilisema 80. Akiambiwa atie sahihi, anaomba wino wa dole gumba. Mtu huyo hakufungwa na adui. Amejifunga bao mwenyewe.

Cheti ni bao la dakika ya 16. Ni bao zuri, tulishangilie. Lakini mpira bado.

Lipo na somo la pili. Yanga ile iliendelea kushinda. Mwaka 1975 iliifunga tena Simba mabao 2 kwa 0 kule Zanzibar, katika fainali ya klabu za Afrika Mashariki na Kati. Wafungaji ni wale wale, Manara na Sembuli. Manara baadaye alikwenda kucheza Uholanzi katika timu ya Heracles. Lakini ndani ya klabu ukaingia ugomvi. Ilipofika 1976 timu ilikuwa imegawanyika, wachezaji wake wazuri wakatoka, ikazaliwa timu ya Pan African. Timu iliyoshinda uwanjani ikavunjikia nyumbani.

Na sisi vijijini tunazo timu. Vijana wanachanga fedha za mpira na jezi. Nani anaziandika? Mara nyingi hakuna. Kila mtu anaweka hesabu kichwani mwake, na vichwa havifanani. Siku fedha zikipungua, wanaanza kushikana mashati. Ugomvi huo daftari moja linaweza kuuzuia. Liandikwe hivi: tarehe, jina la aliyetoa, kiasi alichotoa, kilichonunuliwa, kilichobaki. Kila mwezi lisomwe mbele ya watu wote. Kazi hiyo haitaki mtu wa chuo kikuu. Mhitimu wa kisomo anaiweza.

Ndugu zetu, mtu asiseme macho yamechoka au shamba limemzidi. Robo saa kwa siku inatosha. Soma gazeti, soma karatasi ya dawa ya pamba, soma barua ya jirani aliyekuomba. Papo kwa papo kamba hukata jiwe.

Maswali ya kujadili katika kikundi chenu:

1. Kutoka dakika ya 87 mpaka ya 97 ni dakika ngapi?

2. Katika kijiji chenu, ni wahitimu wangapi wameacha kusoma? Mtawarudishaje?

3. Nani anaandika daftari la timu yenu, na lilisomwa lini mara ya mwisho?

Swali la tatu lijibiwe daftari likiwa mezani.