Nairobi kwa Miguu: Kutoka Sinagogi hadi City Hall

Haya ni maelezo yaliyoandaliwa kwa wakazi wanaoshiriki matembezi ya kuongozwa kuhusu turathi za Wayahudi katikati ya jiji. Yanachapishwa hapa ili hata aliyekosa nafasi ya kutembea na kundi aweze kuipita njia hiyo mwenyewe.



Kila siku maelfu ya watu hupita kwa matatu kwenye makutano ya University Way na Uhuru Highway. Wengi huliona jengo lililo ndani ya ua kwenye kona hiyo na kuendelea na safari bila kujua ni la nani. Hilo ni sinagogi, nyumba ya ibada ya Wayahudi wa Nairobi. Matembezi yanaanzia hapo, yanafika hoteli ya Norfolk, yanapitia Bustani ya Jeevanjee na hoteli ya Stanley, kisha yanaishia City Hall. Ni mwendo wa takriban saa mbili kwa anayetembea polepole na kusimama kusikiliza.

Jamii ya Wayahudi wa Nairobi haikuwahi kuwa kubwa. Hata hivyo, ukifuata nyayo zake utakutana na maswali yanayomhusu kila mkazi wa jiji hili: nani alikuja, kwa nini alikuja, nani alifunguliwa mlango, na nani hakuulizwa lolote.

Kituo cha kwanza: Sinagogi

Reli kutoka Mombasa ilifika Nairobi mwaka 1899, na mji ukaanza kama kambi ya mafundi na maghala. Wafanyabiashara wakafuata reli. Miongoni mwao walikuwamo Wayahudi wachache kutoka Ulaya Mashariki, Uingereza na Afrika Kusini. Sinagogi la kwanza lilijengwa mwaka 1912 na 1913, wakati barabara nyingi za mji zilikuwa bado za vumbi na matope. Jengo linaloonekana leo ni la mwaka 1955.

Hapa ndipo mahali pa kueleza jambo ambalo wengi hulisikia nusu nusu. Mwaka 1903 Waziri wa Makoloni wa Uingereza, Joseph Chamberlain, alipendekeza Wayahudi wapewe ardhi Afrika Mashariki. Mwezi Aprili mwaka huo Wayahudi walikuwa wameuawa na nyumba zao kuporwa katika mji wa Kishinev, uliokuwa chini ya Urusi, na viongozi wao walikuwa wakitafuta mahali salama haraka. Mpango huo uliitwa Mpango wa Uganda, lakini ardhi yenyewe haikuwa Uganda. Ilikuwa nyanda za juu za Uasin Gishu, ambazo leo ziko Kenya.

Theodor Herzl, kiongozi wa vuguvugu la Kizayuni, aliuwasilisha mpango huo kwenye mkutano wa Basel, Uswisi, Agosti 1903. Wajumbe 295 walikubali tume itumwe kukagua ardhi, na 178 wakakataa. Tume ya watu watatu ilifika Uasin Gishu mwanzoni mwa mwaka 1905. Mwaka huohuo mkutano uliofuata ukaukataa mpango wenyewe.

Hapa Nairobi, walowezi Wazungu, Lord Delamere akiwa mstari wa mbele, walipinga vikali Wayahudi kuletwa. Wao wenyewe walikuwa wageni wa juzi, lakini walizungumza kama wenye nchi. Wajumbe wa Basel walipiga kura. Walowezi walipeleka simu London. Wanandi na Wamaasai, ambao mifugo yao ilikuwa imelishwa kwenye nyanda hizo kwa vizazi, hakuna aliyewauliza. Wala kukataliwa kwa mpango hakukuwarudishia chochote. Mwaka 1908 Makaburu kutoka Afrika Kusini waliletwa Uasin Gishu na kukaa papo hapo.

Kabla ya kuondoka, wakazi wanakumbushwa kuwa hii ni nyumba ya ibada wala si jumba la maonyesho. Anayetaka kuingia huomba ruhusa mapema na huja na kitambulisho. Sabato ya Kiyahudi huanza Ijumaa jua linapotua hadi Jumamosi usiku, na huo si wakati wa kupiga picha. Kama vile mtu avuavyo viatu akiingia msikitini, mwanamume anayeingia sinagogi hufunika kichwa.

Kituo cha pili: Norfolk

Kutoka hapo njia inafuata University Way, Chuo Kikuu cha Nairobi kikiwa upande mmoja, hadi Barabara ya Harry Thuku. Hoteli ya Norfolk ilifunguliwa siku ya Krismasi mwaka 1904.

Mwaka mmoja kabla ya hapo, mwaka 1903, kijana aitwaye Abraham Block alikuwa amefika Nairobi kutoka Afrika Kusini. Alizaliwa Lithuania, nchi ambayo Wayahudi wengi walikuwa wakiikimbia. Inasimuliwa kuwa kati ya kazi zake za mwanzo ilikuwamo kushona magodoro na kuyajaza nyasi zilizokaushwa, na kwamba hoteli hii ilikuwa mmoja wa wateja wake. Mwaka 1927 aliinunua hoteli yenyewe. Kizazi kimoja baadaye, jina la Block lilikuwa limekuwa sehemu ya historia ya utalii wa Kenya.

Hiyo ni hadithi nzuri ya bidii, na inafaa kusimuliwa. Lakini barabara hii haiitwi Block. Inaitwa Harry Thuku, na ina sababu. Tarehe 16 Machi 1922 umati ulikusanyika kwenye kituo cha polisi karibu na hapa kudai Thuku aachiliwe. Mary Muthoni Nyanjiru aliwakemea wanaume waliotaka kurudi nyuma, na akawa miongoni mwa wa kwanza kupigwa risasi. Watu zaidi ya 20 waliuawa. Inaelezwa kuwa baadhi ya walowezi waliokuwa barazani mwa Norfolk nao walifyatua risasi. Hayo yalitokea miaka mitano kabla ya Block kuinunua hoteli. Hata baada ya hapo, kwa miaka mingi, Mwafrika aliingia humo kama mtumishi, si kama mgeni.

Norfolk ina kumbukumbu nyingine mbili. Ya kwanza ni ya wakimbizi. Kati ya mwaka 1933 na 1939 Wayahudi mia kadhaa waliokuwa wakimkimbia Hitler walipokewa Kenya. Vita vilipoanza Septemba 1939, serikali ya kikoloni iliwachukua Wajerumani wote kuwa maadui, hata wale waliokuwa wamemkimbia Hitler huyohuyo. Stefanie Zweig, aliyeletwa Kenya na wazazi wake mwaka 1938 akiwa mtoto mdogo, aliandika riwaya inayotokana na maisha yao hapa. Ndani yake wanawake na watoto wanazuiliwa katika hoteli hii. Filamu iliyotengenezwa kutokana na riwaya hiyo, Nirgendwo in Afrika, ilishinda tuzo ya Oscar mwaka 2003, na sehemu kubwa ya mazungumzo ya mtoto huyo na mpishi wao ni ya Kiswahili.

Kumbukumbu ya pili ni ya bomu. Usiku wa tarehe 31 Desemba 1980, watu wakisubiri kuukaribisha mwaka mpya, bomu lililipuka na sehemu ya hoteli ikabomoka. Watu zaidi ya kumi waliuawa. Wengi walilihusisha shambulio hilo na msaada ambao Kenya iliipa Israel wakati wa uokoaji wa mateka wa Entebbe mwaka 1976, na familia ya Block ndiyo iliyokuwa wenye hoteli. Waliokufa walikuwa wageni na wafanyakazi, watu wasiokuwa na kesi na mtu yeyote. Jiji hili lilijua uchungu wa aina hiyo kabla ya 1998.

Njiani: Bustani ya Jeevanjee

Matembezi yanarudi katikati ya jiji kwa Mtaa wa Muindi Mbingu na kupumzika Jeevanjee. Bustani hii si turathi ya Wayahudi. Ilitolewa kwa umma na A. M. Jeevanjee, mfanyabiashara wa asili ya Kihindi. Imo katika njia hii kwa sababu ina funzo. Mwaka 1991 kulikuwa na mpango wa kujenga majengo makubwa hapa. Mjukuu wake, Zarina Patel, aliongoza wakazi kupinga, na bustani ikabaki. Leo mtu asiye na senti mfukoni anaweza kukaa kwenye benchi akasikiliza mhubiri au akalala kidogo kivulini. Kilichoiokoa ni watu waliojua historia yake mapema.

Kituo cha tatu: Stanley

Kwenye kona ya Kenyatta Avenue na Mtaa wa Kimathi ipo hoteli ya Stanley, ambayo Abraham Block aliinunua mwaka 1947. Mkahawa wa Thorn Tree ulifunguliwa hapa mwaka 1959, ukapewa jina la mgunga uliokuwa ukiota katikati yake. Wasafiri walibandika barua kwenye shina la mti ili wenzao wazikute. Kabla ya simu ya mkononi, huo ndio uliokuwa mtandao wa jamii wa Nairobi. Nje ya hoteli, mtaa una jina la Dedan Kimathi, aliyenyongwa na serikali ya kikoloni mwaka 1957. Katika kona moja zipo Nairobi mbili, na matembezi haya hayafichi hata moja.

Mwisho wa safari: City Hall

Ndani ya City Hall, orodha ya mameya ina jina la Israel Somen, Myahudi aliyeshika wadhifa huo kuanzia mwaka 1955 hadi 1957. Ni katika mwaka wake wa kwanza ambapo sinagogi la sasa lilijengwa. Ilikuwa pia miaka ya Hali ya Hatari. Mwafrika wa Nairobi alitembea na kipande, na mwaka mmoja kabla ya hapo maelfu walikuwa wamekamatwa katika Operesheni Anvil. Jamii iliyotoka kukimbia ubaguzi Ulaya ilipata usalama katika mji uliokuwa ukimbagua mwenyeji. Meya wa kwanza Mwafrika, Charles Rubia, aliingia ofisini mwaka 1962.

Kusema hivyo si kumlaumu aliyekimbilia hapa kuokoa watoto wake. Ni kuisimulia nyumba pamoja na vyumba vyake vyote.

Nini kifanyike

Katiba, katika Jedwali la Nne, inazipa kaunti jukumu la shughuli za utamaduni, maktaba, makavazi na utalii wa mashinani. Sheria ya Makavazi na Turathi za Kitaifa ya mwaka 2006 inawezesha jengo au eneo kutangazwa rasmi kuwa la kihistoria na kulindwa. Lakini sheria hailindi kitu ambacho hakuna anayekijua. Jengo likisahauliwa huitwa ploti, na ploti ina bei.

Kwa hiyo wakazi wanaombwa mambo matatu. Kwanza, wajitokeze na watoto wao, wakivaa viatu vya kutembelea na kubeba maji. Pili, wenye picha za zamani za mitaa hii, au wenye wazazi waliofanya kazi katika hoteli na maduka haya, wasizitupe picha wala wasiache masimulizi yapotee. Mpishi, mfua nguo na dereva waliona mengi ambayo hayamo katika vitabu. Tatu, mkazi akiona jengo la kale limezungushiwa mabati, aulize mapema, kabla ya vumbi kupanda.

Karibuni tutembee.