Mlango Nao Unakula

Mfanyabiashara mdogo hujua bei ya kitambaa, hujua na ujira wa fundi. Asichokijua mara nyingi ni kiasi gani duka lake linakula kabla nguo ya kwanza haijauzwa. Jambo hili lilinifika mimi mwenyewe.

Mwaka 2021 mimi na mke wangu tulifungua chumba cha kushonea nguo hapa Dar es Salaam. Pango lilikuwa shilingi 150,000 kwa mwezi. Mlinzi, umeme na ada ya taka vilikula 90,000. Jumla 240,000. Kila gauni, baada ya kutoa kitambaa, uzi na ujira wa fundi, lilituachia 4,000. Maana yake magauni 60 ya mwanzo yalikuwa ya mlango tu. Mafundi wetu wawili walishona 80, tukapata cha kupeleka nyumbani.

Ukaja mwaka 2022. Mwezi Mei petroli ikavuka shilingi 3,000 kwa lita, na vitambaa navyo vikapanda. Wateja hawakukubali bei mpya. Gauni likatuachia 3,500. Mwenye nyumba naye akadai 200,000. Magauni yale yale 80 sasa yakapungukiwa shilingi 10,000.

Tulifanya nini? Tulisema tubane matumizi, tukamwachisha kazi fundi mmoja, baba wa watoto watatu. Mwezi uliofuata tulipungukiwa 150,000! Fundi yule alilipwa kwa gauni alilolishona. Asiposhona, halipwi, lakini pango halijui kama cherehani imelala. Tulikuwa tumemfukuza mtu anayetulipia mlango.

Tulimfuata kwake, tukamwomba radhi, akarudi. Kisha, kwa ridhaa ya mwenye nyumba, tukampangisha muuza vifungo pembe moja ya chumba kwa 70,000. Mzigo wa mlango ukashuka hadi 220,000, na magauni 63 yakautosha.

Basi msikilizaji, chukua daftari. Ukurasa mmoja andika gharama zinazokuja hata usipouza kitu. Wa pili, zile zinazokuja pale tu unapouza. Wala usifanye hivyo mara moja kwa mwaka. EWURA hutangaza bei kikomo za mafuta kila Jumatano ya kwanza ya mwezi. Siku hiyo nawe fungua daftari lako upya. Na kabla hujamwambia mtu asije kazini kesho, hesabu kwanza: anayekula ni yeye, au ni mlango?