Los Kjarkas: Santuri Iliyoizaa Lambada

Kama ulikuwa ukienda disko mwaka 1990, Lambada umeicheza. Kundi la Kaoma liliitoa Ufaransa mwaka 1989, ikavuma dunia nzima. Leo tunaifuata ilikozaliwa, kwenye milima ya Andes.

Mwaka 1965, huko Capinota katika mkoa wa Cochabamba, Bolivia, ndugu wa ukoo wa Hermosa walianzisha kundi la Los Kjarkas. Ala zao ni za milimani: filimbi ya kena, zamponya ya mianzi iliyofungwa safu safu, ngoma ya bombo, na charango, gitaa dogo lenye nyuzi 10 zinazokwenda mbili mbili.

Mwaka 1981 walitoa santuri ya Canto a la mujer de mi pueblo. Humo mna Llorando se fue, wimbo wa penzi lililovunjika, uliotungwa na Ulises na Gonzalo Hermosa. Hauna papara, na huzuni yote imebebwa na filimbi. Kwangu mimi, hakuna aliyeuimba vizuri kuliko wao. Cuarteto Continental wa Peru wakauchangamsha kwa akodiani, Márcia Ferreira wa Brazil akauimba kwa Kireno, kisha wakaja Kaoma, na majina ya watunzi hayakutajwa. Akina Hermosa walidai haki yao, wakaipata, kwa sababu wimbo ulikwisha kurekodiwa na kuandikishwa. Ulises alifariki mwaka 1992. Jennifer Lopez alipoutumia muziki huo katika On the Floor mwaka 2011, ndugu hao walitajwa miongoni mwa watunzi.

Lakini lipo dai jingine, nalo lina uzito. Mdundo wa Llorando se fue, Los Kjarkas waliuita saya. Saya ni ngoma ya Wabolivia weusi wa mabonde ya Yungas, wazao wa Waafrika waliopelekwa huko utumwani enzi za Wahispania. Wenyewe wanasema: hiyo si saya, ni kaporale, dansi ya mjini iliyotokana na kutuiga sisi. Naona wana haki. Saya yao ilirithishwa kwa vizazi kwa mdomo na kwa ngoma. Hawakuwa na santuri ya kuwatolea ushahidi.

Kwa hiyo leo tunapiga rekodi mbili. Ya Los Kjarkas itafuata. Tunaanza na wapigaji wa saya wa Yungas.