SIKU THELATHINI ZA KARANI



Habari za bei, mbegu na dawa wenzangu wamekwisha kuzieleza. Mimi nataka kusema habari za watu wanaotutumikia: karani wa mizani, mlinzi wa ghala, katibu wa chama cha msingi. Twapenda kujiita wakulima tu, lakini mbele ya sheria sisi tu waajiri pia.

Katika chama kimoja, ambacho sitakitaja, karani aliachishwa kazi katikati ya msimu kwa madai kwamba wakulima walipunjwa katika mizani. Hakuonyeshwa hesabu, wala hakuitwa kujitetea. Alikwenda kwa Mwenyekiti, naye akamjibu kwa upole, "Kijana wangu, subiri Mkutano Mkuu, mambo yako yatatengenezwa." Akasubiri. Akaenda kwa mtendaji wa kata, akaenda na kwa mtu wa ushirika. Kote alipewa maneno mazuri. Mkutano ulipokutana, jambo lake halikuwamo katika ajenda. Ndipo alipokwenda mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, na miezi mitano imekwisha kupita.

Kanuni za mwaka 2007, zilizotolewa chini ya sheria za kazi za mwaka 2004, ziliweka siku 30 za kupeleka shauri la kuachishwa kazi, na siku 60 kwa madai mengine kama mshahara usiolipwa. Siku hizo huhesabiwa tangu kuachishwa, au tangu mwajiri alipotoa uamuzi wake wa mwisho. Aliyechelewa aweza kuomba ruhusa, lakini hapana budi aeleze amechelewa kwa kiasi gani, kwa sababu gani, na shauri lake lina nguvu gani. Mahakama ya Rufani, katika ombi la kampuni ya ujenzi ya Lyamuya la mwaka 2010, ilitaka mwombaji atoe hesabu ya muda wote wa kuchelewa na kuonyesha kwamba hakuzembea. Karani wetu alikuwa na hesabu gani? Alikuwa akingoja neno la Mwenyekiti. Mahakama zetu zimekwisha kusema mara nyingi kwamba mazungumzo hayasimamishi siku. Ombi lake likakataliwa.

Siku 30 ni chache, nakubali, hasa kwa mtu wa Dutwa au Nkololo asiyejua hata mlango wa Tume u wapi.

Wako waliofurahi kwamba fedha za chama zimepona, na mimi, nasema kweli, nilikuwa mmoja wao. Sheria ya 2004 ilipotungwa iliweka fidia isiyopungua mishahara ya miezi 12 kwa aliyeachishwa isivyo haki. Fedha hizo zingetoka katika pamba yetu. Lakini kama wakulima walipunjwa, ni nani aliyewapunja? Shauri halikusikilizwa, hatujui mpaka leo, na pamba tunaipeleka kwenye mizani ile ile.

Kwa hiyo naomba kila kamati iandike barua ya kuachisha kazi yenye tarehe, sababu, na neno wazi kama uamuzi huo ni wa mwisho au bado una rufaa ndani ya chama. Asiambiwe mtu "subiri" na kiongozi asiyekuwa na mamlaka ya kumrudisha. Nasi tujihadhari: chama kisiporidhika na uamuzi wa Tume, kina wiki sita za kuomba marejeo Mahakama Kuu, na Bodi ikingoja kikao chake cha kawaida zaweza kupita bila mtu kuziona.

Nimekuja na nakala za Fomu Na. 1 ya Tume. Ziko mezani kwa Katibu, karibu na mlango. Makatibu wa vyama vya msingi wachukue mbili mbili kabla ya chakula.