Uzazi wa Muhogo: Kazi ya Ua na Kazi ya Pingili

Muhogo huzaliana kwa njia mbili. Ya kwanza ni ya kijinsia: ua huchavushwa, tunda hukua, mbegu hukomaa. Ya pili si ya kijinsia: pingili ya shina hufukiwa ardhini ikachipua mmea mpya. Wakulima wa Afrika Mashariki hupanda pingili, ilhali watafiti wanaozalisha aina mpya hutegemea ua. Zao hili linazihitaji njia zote mbili.

1. Uzazi kwa ua na mbegu

Muhogo huchanua pale shina linapogawanyika matawi. Ua moja huwa na jinsia moja tu, lakini maua ya kiume na ya kike hukaa kwenye kichala kimoja. Ya kike ni machache na makubwa, hukaa chini ya kichala na hutangulia kufunguka. Ya kiume, mengi na madogo, hufuata baada ya wiki moja au mbili. Kwa kupishana huko, ua la kike hupata chavua ya kichala kingine, mara nyingi cha mmea mwingine. Chavua hiyo hunata, kwa hiyo wabebaji wake ni nyuki na wadudu wengine.

Chavua ikitua juu ya stigma huota mrija unaopenya hadi kwenye ovari. Ovari ina vyumba vitatu, kila kimoja na ovuli moja, hivyo tunda halizidi mbegu tatu. Baada ya takriban miezi mitatu tunda hukauka, hupasuka na kurusha mbegu zake. Kila mbegu ina mchanganyiko wake wa urithi. Miche ya tunda moja inaweza kutofautiana kwa kimo, kwa mavuno na kwa uwezo wa kustahimili magonjwa.

2. Uzazi kwa pingili

Pingili nzuri huwa na urefu wa sentimita 20 hadi 30 na macho matano au zaidi. Macho hutoa machipukizi. Mizizi huota kwenye sehemu iliyokatwa na kwenye vifundo, na baadhi yake hunenepa kwa wanga. Mmea huo una urithi uleule wa mama yake, na mkulima huvuna muhogo anaoujua.

Hata hivyo, virusi vilivyomo katika shina navyo huhamia shamba jipya. Ugonjwa wa batobato hujionyesha kwa majani yenye mabaka ya njano, yaliyojikunja. Ugonjwa wa michirizi kahawia ni wa hila zaidi: mmea unaweza kuonekana mzima, kumbe ndani ya mizizi mna uozo mkavu wa kahawia. Inzi weupe hueneza magonjwa yote mawili, lakini pingili zinazosafirishwa na watu huyafikisha mbali zaidi.

3. Mfano wa Amani

Batobato iliripotiwa na wanasayansi kwa mara ya kwanza mwaka 1894, katika milima ya Usambara. Kwenye milima hiyohiyo, katika kituo cha utafiti cha Amani, watafiti H. H. Storey na R. F. W. Nichols walianza miaka ya 1930 kuzalisha muhogo unaostahimili ugonjwa. Muhogo ulichavushwa kwa mpira wa Ceara, mti wa jamii yake. Chotara walistahimili batobato lakini mizizi yao haikufaa, kwa hiyo walichavushwa tena na muhogo kizazi baada ya kizazi hadi mizizi ikawa mizuri.

Baadaye mbegu za kazi hiyo zilipelekwa Nigeria. Kutokana nazo ulipatikana muhogo namba 58308, ambao Taasisi ya Kimataifa ya Kilimo cha Kitropiki, Ibadan, iliufanya mzazi wa aina nyingi. Batobato kali ilipoangamiza mashamba ya Uganda katika miaka ya 1990, aina zenye ukinzani ndizo zilizorudisha kilimo cha muhogo.

4. Matumizi shambani

Mimea ya kutoa pingili iwekewe alama ingali na majani, kwa kuwa dalili za ugonjwa huonekana hapo. Wakati wa kuvuna, mizizi yake ikatwe na kukaguliwa. Mimea yenye uozo, mashina yake yasipandwe. Mashina yawe yamekomaa, na mimea inayoonyesha dalili mapema ing'olewe. Aina yenye ukinzani huzaliwa katika ua, lakini humfikia mkulima kwa pingili. Pingili zikichaguliwa ovyo, faida ya miaka mingi ya uzalishaji hupotea katika misimu michache.