Tohara ya Wanaume na Swali la Akina Mama

(Hotuba kwa wajumbe wa kamati za afya za sharika)



Mada yetu ilipotangazwa wengine walicheka chinichini. Tunawaelewa. Lakini Luka 2:21 husomwa kanisani bila mtu kucheka, na imeandikwa pale kwamba Yesu alitahiriwa siku ya nane.

Duniani, takribani mwanaume mmoja kati ya watatu ametahiriwa, na wengi wao ni Waislamu. Marekani watoto wengi wa kiume hutahiriwa hospitalini mara baada ya kuzaliwa, wala si kwa ajili ya dini. Korea Kusini desturi hiyo ilienea baada ya vita vya 1950–1953, na sasa inapungua. Ulaya wengi huitazama kwa mashaka. Mwaka 2012 mahakama moja ya Cologne, Ujerumani, ilisema kumtahiri mtoto kwa sababu ya dini ni kumjeruhi. Kabla ya mwaka kwisha, Bunge likapitisha sheria ya kuiruhusu. Kwa hiyo rafiki wa Ulaya akituuliza kwa nini kanisa linashughulika na tohara, hatukasiriki. Tunamwonyesha Iringa na Njombe.

Katika utafiti wa taifa wa 2007–08, Mkoa wa Iringa, ambao wakati huo ulikuwa pamoja na Njombe, ulikuwa na maambukizi ya VVU ya asilimia 15.7, wakati taifa zima lilikuwa chini ya 6. Sehemu kubwa ya mkoa haikuwa na mila ya jando. Wakati huohuo majaribio matatu, ya Orange Farm Afrika Kusini, Kisumu na Rakai, yenye wanaume zaidi ya 11,000, yalionyesha kwamba tohara humpunguzia mwanaume hatari ya kuambukizwa na mwanamke kwa takribani asilimia 60. Mwaka 2007 Shirika la Afya Duniani likaipendekeza, na Iringa ikawa kati ya mikoa ya kwanza nchini kupata huduma hiyo.

Vijana walijitokeza kwa wingi, hasa Juni hadi Agosti, maana watu huamini kidonda hupona upesi wakati wa baridi. Watu wazima walisita. Baba wa miaka arobaini hapendi kupanga foleni na watoto wa jirani yake, tena mbele ya muuguzi wa kike.

Sasa tufike kwenye swali ambalo akina mama huliuliza: na mimi je?

Tuwajibu kweli. Tohara haimkingi mke na VVU moja kwa moja. Mwaka 2009 watafiti wa Rakai walitoa matokeo kuhusu wanaume waliokuwa tayari na VVU: kutahiriwa hakukuwapunguzia wake zao hatari, na waliowahi kukutana kabla kidonda hakijapona walitia wasiwasi zaidi. Ndiyo maana ya zile wiki sita za kusubiri. Mke asipoelezwa, nani atamsaidia mume kuzihesabu? Faida anayo pia: wanaume waliotahiriwa hawaambukizi sana kirusi kinacholeta saratani ya mlango wa kizazi. Lakini mume anayerudi nyumbani akisema, "Mimi sasa nimekingwa, kondomu ya nini?" ameelewa nusu, na nusu hiyo ni ya hatari. Asilimia 60 si 100, na kisonono haizuiliwi na tohara.

Utafiti wa 2022–23 bado uliikuta Njombe na asilimia 12.7, taifa likiwa 4.4. Kazi haijaisha, na fedha zimepungua. Sehemu kubwa ya huduma hizi ililipiwa na Marekani, na mwaka 2025 misaada hiyo iliposimamishwa, tohara iliguswa mapema.

Kwa hiyo tunaomba kamati zisitangaze tarehe kabla ya kuuliza kituo cha afya kama vifaa na mhudumu wapo. Wavulana wawe wa miaka 15 na kuendelea, kama mwongozo wa dunia wa 2020 unavyoelekeza, nao wenyewe wakubali; asiburutwe mtu. Na mkutano wa kwanza katika kila mtaa uwe wa akina mama, muuguzi akiwepo, maswali yakiandikwa kwenye karatasi bila majina. Wanaume waitwe wiki inayofuata, wakiwa na wake zao.