Jangwani Penye Maji: Kuhusu Nchi za Kubuni katika Riwaya ya Kiswahili



Wapo wahakiki wanaodai kwamba Nagona (1990) na Mzingile (1991), riwaya za Euphrase Kezilahabi, zimeukimbia uhalisia, kwa kuwa nchi zake hazichoreki kwenye ramani. Dai hilo silikubali. Dar es Salaam tunayo Jangwani: jina la ukame, juu ya bonde la Mto Msimbazi. Desemba 2011 mto ulilitwaa bonde lake. Watu wakafa, na baadhi ya walionusurika wakahamishiwa Mabwepande. Mkazi aliyelala kitandani akapambazukiwa juu ya paa anaijua vyema mandhari inayogeuka kwa usiku mmoja. Anayeiita njozi ni mhakiki wa Mlimani, ambako maji hayafiki.